Umenyimwa uprofesa na unataka kwenda mahakamani? Soma uzi huu kabla hujamlipa wakili

Wakili wa Kivukoni (mleta uzi)

Wakuu, heshima kwenu.

Kila vikao vya kupandisha vyeo vikimalizika vyuoni, simu yangu haipoi. Mhadhiri mwandamizi kanyimwa uprofesa mshiriki, au mtu kaomba nafasi iliyotangazwa, kaachwa, halafu anasikia aliyechukuliwa "hana sifa". Swali lao wote ni moja: tuwaburuze mahakamani? Nafanya kazi ya uwakili hapa mjini, na nimechoka kurudia maelezo yale yale kwenye simu. Nayaweka hapa, wenye uelewa zaidi wataongeza nyama.

Nianze na lile ambalo wateja wangu wengi hawapendi kulisikia. Jaji hatakwambia nani msomi bora kati yako na mwenzako. Hatasoma makala zako, na hata akizisoma hana mizani ya kuzipimia. Anachoweza kukiangalia ni kama aliyeteuliwa alikuwa na sifa zilizoandikwa, kama waliomteua walikuwa na mamlaka hayo, na kama walifuata utaratibu wao wenyewe. Ukienda na hoja ya "mimi nina machapisho mengi kumzidi" umekwenda kulia msibani kusiko kwako.

Kuna kesi ya zamani ya India ambayo mawakili wa vyuo wanaipenda sana. Chuo Kikuu cha Mysore kilitangaza nafasi ya mwalimu wa Kiingereza, cheo cha chini kidogo ya profesa. Tangazo lilitaka shahada ya umahiri ya daraja la kwanza au la pili la juu kutoka chuo cha India, au shahada inayolingana nayo kutoka nje. Aliyeteuliwa alikuwa na umahiri wa India wa asilimia 50.2, yaani daraja la pili la kusukumasukuma. Mwombaji aliyeachwa akaenda Mahakama Kuu akashinda, uteuzi ukafutwa. Ukiangalia ile 50.2 peke yake, utasema kesi imekwisha.

Lakini yule bwana aliyeteuliwa alikuwa pia na shahada ya umahiri ya Durham, Uingereza. Mwaka 1963 Mahakama ya Juu ya India ikageuza hukumu. Ikasema bodi ya wataalamu ilikaa ikaona shahada ile inatosha, hakuna aliyedai kuwa bodi ilikuwa na nia mbaya, kwa hiyo mahakama isiwe na haraka ya kuweka maoni yake mahali pa maoni ya wataalamu. Kesi nzima iliangukia kwenye "au inayolingana". Ndiyo maana mteja akiingia ofisini kwangu, cha kwanza namwomba tangazo la kazi au waraka wa vigezo. Malalamiko yake nayasikiliza baadaye.

Hukumu ya India haimfungi jaji wa Tanzania, hilo lieleweke. Ila hutumika kama hoja ya kushawishi, na mantiki yake utaikuta katika nchi nyingi zilizorithi sheria ya Kiingereza.

Sasa geuza upande wa pili. Oktoba 2022 Mahakama ya Juu hiyo hiyo ya India ilifuta uteuzi wa Makamu Mkuu wa chuo kikuu cha teknolojia huko jimbo la Kerala. Kosa lilikuwa dogo machoni pa wengi: kamati ilipeleka jina moja tu, wakati kanuni za tume yao ya vyuo vikuu zinataka orodha ya majina 3 hadi 5. Kama mama yule aliiweza kazi au hakuiweza, halikuwa swali la msingi. Utaratibu ulivunjwa, uteuzi ukaenda na maji.

Ukizisoma hizo mbili pamoja utaona mlango uko wapi.

Kwetu kuna tofauti moja kubwa ambayo watu wanaisahau. Ujerumani au Italia, kiti cha profesa hutangazwa na watu hushindania. Katika vyuo vyetu vya umma uprofesa kwa kawaida unaupanda: mkufunzi msaidizi, mhadhiri msaidizi, mhadhiri, mhadhiri mwandamizi, profesa mshiriki, profesa. Kuna muundo wa utumishi wa pamoja wa wanataaluma wa vyuo vya umma unaosema kila ngazi inadai nini, na juu yake kuna Sheria ya Vyuo Vikuu ya 2005 pamoja na hati ya chuo chenyewe. Faili linatoka idarani, linapita ndaki au skuli, linakwenda kwa wahakiki wa nje, linarudi kwenye kamati ya chuo, linamalizikia Barazani. Kwa hiyo ugomvi wa Kitanzania mara nyingi hauhusu mshindani aliyekupiku. Unahusu hesabu: makala ipi imehesabiwa, ipi imetupwa, nani kaitupa, na kwa kanuni ipi.

Nije kwenye muda, maana hapa ndipo watu wanapozikwa.

Kwa chuo cha umma, njia ya Mahakama Kuu ni mapitio ya mahakama, yaani jaji anakagua kama uamuzi ulifuata sheria na utaratibu. Unaanza kwa kuomba kibali, na maombi ya kibali yanatakiwa yawe yameingia ndani ya miezi 6 tangu uamuzi. Ukipewa kibali una siku 14 kufungua maombi yenyewe. Jamaa mmoja alikuja kwangu Septemba na bahasha ya kaki yenye muhuri wa SIRI. Barua ndani ina tarehe 14 Februari. Pembeni kuna muhuri mwingine wa masijala ya idara, IMEPOKELEWA 29 Aprili. Yeye alikuwa anahesabu kutoka Aprili, anajiona yuko ndani ya muda. Nikamwambia upande wa pili watahesabu kutoka Februari, kwa hiyo tuanze kwa kuomba kuongezewa muda, na mahakama zetu hapo zinataka maelezo ya kila siku iliyopotea. Bahati yake ile barua ilikuwa na huo muhuri. Wangapi wanapokea barua mkononi koridoni na hawasaini popote?

Pia msikimbilie Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ile ya migogoro ya kazi, kama ninyi ni watumishi wa umma. Tangu marekebisho ya 2016, mtumishi wa umma lazima amalize kwanza njia zote zilizomo kwenye Sheria ya Utumishi wa Umma. Mwaka 2022 Mahakama ya Rufani, katika shauri la Shirika la Posta, ikasema wazi kwamba Tume ile haina mamlaka kwa watumishi wa umma. Wa vyuo binafsi ndio wa kule. Na wao siku zao ni 30 kwa kuachishwa kazi na 60 kwa migogoro mingine, wasijisahau.

Nimeandika mengi, karibuni kwa maswali.

Ndaki ya Nyuma

Mkuu, uzi bora wa mwezi. Mimi swali langu ni la huku chini. Nina PhD, nimefundisha kwa muda, lakini shahada ya kwanza nina GPA (wastani wa alama) ya 3.7. Nafasi zote zinataka 3.8 ya shahada ya kwanza na 4.0 ya umahiri. Kuna wenzangu naona wamo ndani na najua GPA zao. Nina kesi?

Wakili wa Kivukoni

Kuwa mkweli na nafsi yako: 3.7 si 3.8. Hiyo ni sifa ya kuingilia, na kamati ikikuacha kwa sababu hiyo imefanya kile muundo unachoiambia. Kesi ya "wenzangu wamo" ina shimo. Wengine waliajiriwa kabla ya kigezo hicho kuanza, kwa hiyo angalia tarehe zao za ajira kabla hujawataja kwenye hati ya kiapo. Na ukithibitisha kweli kwamba mmoja aliingia kinyume, tiba yake ni yeye kutolewa. Wewe huingii kwa sababu hiyo.

Unaweza kushambulia kigezo chenyewe, kwamba hakina mantiki kumpima mwenye PhD kwa alama za ujana wake. Binafsi naona ni kigezo kibaya. Lakini ubaya wa sera hautoshi kuwa ubatili wa kisheria, na hiyo ni safari ndefu yenye gharama.

binti_makongo

Mimi kilichonishangaza ni India tena. Kuna ile ya Chuo Kikuu cha Kannur, uprofesa mshiriki wa Kimalayalam. Kanuni inataka miaka 8 ya kufundisha. Mgombea alikuwa ametumia sehemu ya miaka kwenye likizo ya masomo akifanya PhD, na sehemu nyingine akisimamia huduma za kujitolea za wanafunzi. Novemba 2022 jaji mmoja akasema hiyo siyo kufundisha. Juni 2023 jopo la majaji wawili likasema inahesabika. Karatasi zile zile! Sasa sisi tulioenda kusoma Ulaya miaka minne kwa ruhusa ya mwajiri tuko upande gani?

Wakili wa Kivukoni

Dada, umegusa penyewe. "Uzoefu" ni neno linalozaa kesi kuliko neno lolote kwenye vigezo. Jibu langu la kiutendaji: usisubiri ugomvi. Kabla hujaenda masomoni, barua ya ruhusa iseme unabaki kwenye utumishi na unalipwa mshahara au hulipwi. Ukirudi, faili lako liwe na barua ya kuripoti. Na kama chuo kimekuwa kikiwahesabia wenzako miaka ya masomo, kusanya ushahidi wa mazoea hayo. Kubadili mazoea ghafla kwa mtu mmoja bila maelezo ni hoja ninayoweza kusimama nayo mbele ya jaji.

Mzee wa Changanyikeni

Vijana, niwaambie kitu kutoka upande wa pili wa meza. Nimekaa kwenye kamati hizo mpaka nimestaafu. Mnadhani tunakaa kupanga kumkomoa mtu. Ukweli ni kwamba mafaili mengi yanakuja na makala kumi, sita kati ya hizo zimechapwa kwenye majarida ya kulipia ambayo yanapokea makala Jumatatu na kuichapa Ijumaa. Mwandishi wa nne kati ya saba anajihesabia alama kamili. Ukimwambia hazifai, umekuwa adui wa maendeleo yake, tena unaambiwa una ukabila. Halafu mnakuja na wakili. Idara ikishaingia mahakamani watu hawasalimiani, wanafunzi wa uzamili wanakosa wasimamizi, na hata kikao cha kupanga ratiba kinakuwa na mwanasheria.

Kimara Mwisho

Shikamoo Mzee. Kwa heshima, hayo majarida uchwara tunayajua. Lakini kwa nini hamuandiki hivyo kwenye barua? Mimi nimejibiwa mstari mmoja: "Kamati imeona hujafikia vigezo." Vigezo vipi? Ningeambiwa makala ya pili na ya tano zimekataliwa kwa sababu ya jarida, ningekwenda kuandika nyingine kimya kimya. Barua ya mstari mmoja ndiyo inayopeleka watu kwa wakili.

Mzee wa Changanyikeni

Marahaba. Hapo sina la kukubishia. Barua zile ni aibu.

Wakili wa Kivukoni

Mzee, marahaba yangu pia naiomba 😄

Hili la Kimara Mwisho ni zito. Uamuzi usio na sababu ni moja ya hoja zenye nguvu kwenye mapitio. Katiba yetu ibara ya 13(6) inazungumzia haki ya kusikilizwa kwa ukamilifu na haki ya rufaa, na huwezi kukata rufaa dhidi ya kitu usichokijua. Kwa hiyo kabla ya mahakama, andika kuomba sababu. Una Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016, ambayo inaitaka taasisi ya umma ijibu ndani ya siku 30. Una pia Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022, maana alama ulizopewa wewe ni taarifa zako. Peleka barua masijala, nakala yako igongwe muhuri. Wakinyamaza, huo unyamavu nao ni ushahidi.

binti_makongo

Watasema ripoti za wahakiki wa nje ni siri.

Wakili wa Kivukoni

Watasema, na kwa sehemu wana hoja: mhakiki akijua jina lake litatoka, ataandika sifa tupu. Lakini "siri" haina maana ya "hakuna atakayeiona milele". Chuo Kikuu cha Pennsylvania kiliwahi kujaribu hoja hiyo huko Marekani. Mwalimu mmoja wa shule yao ya biashara alinyimwa ajira ya kudumu, akalalamika kwamba ni ubaguzi, na tume ya serikali ikadai ripoti za wenzake waliomtathmini. Chuo kikasema uhuru wa kitaaluma unazilinda. Mwaka 1990 Mahakama ya Juu ikakataa, majaji wote kwa pamoja: hakuna kinga maalumu ya ripoti hizo.

Mimi huku huwa siombi majina. Naomba maudhui ya ripoti na ukurasa wa alama. Ombi dogo linakataliwa kwa shida zaidi kuliko ombi kubwa.

Sinza Kijiweni

Na je, kama mkuu wa idara alikuwa naye anaomba cheo hicho hicho na alikaa kwenye kikao cha kutupitisha? Alitoka nje lilipofika jina lake, kisha akarudi kutujadili sisi. Mihutasari inaonyesha "alitoka". Chuo nakihifadhi.

Wakili wa Kivukoni

Ndugu yangu, hiyo ni kesi. Kati ya zote zilizoletwa humu, yako ndiyo ningeichukua leo.

Tena kuna hukumu inayofanana nayo kama pacha, ingawa si ya chuo. India, 1969, uteuzi wa maofisa wa misitu. Mmoja wa wagombea alikuwa mjumbe wa bodi. Jina lake lilipofika hakushiriki, lakini alishiriki kuwajadili wapinzani wake. Mahakama ya Juu ikafuta uteuzi wote. Ikasema huhitaji kuthibitisha kwamba kweli alipendelea, inatosha kuwa uwezekano wa upendeleo ulikuwapo. Kutoka nje kwa dakika kumi hakukumsafisha, maana kumshusha mpinzani ni sawa na kujipandisha mwenyewe. Hakikisha unapata nakala ya mihutasari kabla haijafanyiwa "marekebisho".

Mtoro wa Seneti

Mbona hamzungumzii mamlaka ya uteuzi? Wakenya walituonyesha Januari 2020. Baraza la Chuo Kikuu cha Nairobi likamtangaza Prof. Stephen Kiama kuwa Makamu Mkuu, Waziri wa Elimu George Magoha akatengua. Mahakama ya ajira ikasimamisha utenguzi ule na Kiama akaendelea na kiti. Swali halikuwa anafaa au hafai, lilikuwa nani ana kalamu.

Wakili wa Kivukoni

Mfano mzuri. Na uangalie kasi yake: walikwenda mahakamani mara moja wakaomba amri ya kusimamisha. Wajerumani wameligeuza hili kuwa desturi. Katiba yao inasema kila mtu apate kazi ya umma kwa uwezo, ujuzi na utendaji wake. Kwa hiyo kabla ya kumkabidhi profesa mteule hati ya uteuzi, mamlaka inatakiwa iwajulishe walioachwa na kuwapa nafasi ya kwenda mahakamani. Sababu yake ni kwamba kule hati ikishakabidhiwa, kumtoa mtu ni kazi ngumu mno. Mwaka 2010 mahakama yao ya juu ya kiutawala ikaongeza kwamba mamlaka ikiharakisha kukabidhi hati ili kumzibia mwenzako mlango, uteuzi huo unaweza kuvunjwa.

Sisi hatuna utaratibu wa kujulishana mapema. Aliyeachwa anajua kwenye mahafali, mwenzake akiwa ameshavaa joho jipya.

Kimara Mwisho

Mimi tatizo langu ni jingine kabisa. Baraza limenipitisha, barua ya uprofesa mshiriki ninayo, naitwa Profesa mpaka na bodaboda wa mtaani, ila mshahara ni wa mhadhiri mwandamizi. Wanasema ikama na bajeti.

Ndaki ya Nyuma

Duh. Si ulisema umejibiwa mstari mmoja?

Kimara Mwisho

Huo ulikuwa mzunguko wa kwanza mkuu. Wa pili nikapita.

Wakili wa Kivukoni

Hongera Profesa. Hilo halihusu uteuzi, ni madai ya malimbikizo. Faili lake ni tofauti. Anza na barua kwa mwajiri ukiambatisha ya kupandishwa, na usiichanganye na malalamiko mengine.

Sinza Kijiweni

Mkuu, nikishinda napewa cheo?

Wakili wa Kivukoni

Mara nyingi hapana, bora uijue mapema. Kwenye mapitio, mahakama inafuta uamuzi na kulirudisha suala kwa chombo kile kile kianze upya kwa kufuata sheria. Utakaa tena mbele ya kamati, safari hii bila yule mkuu wa idara, na wajumbe wengine wakijua uliwashtaki. Wanaweza kukunyima tena, wakaandika sababu nzuri zaidi. Kwa wengine inatosha. Mteja wangu mmoja hakutaka cheo tena ilipofika hapo, alitaka iandikwe kwamba kile kikao kilikuwa batili.

Kwa hiyo jiulize kabla: una umri gani, una miaka mingapi kabla ya kustaafu, na makala mbili mpya zingekuchukua muda gani ukilinganisha na kesi?

Mzee wa Changanyikeni

Hapo wakili umesema maneno ya mtu mzima. Makala mbili!

Sinza Kijiweni

Mzee, makala ninazo. Alama nimepewa na mtu anayegombea kiti nilichoombea mimi. Barua yangu ni ya tarehe 3 mwezi uliopita. Nifanye nini wiki hii?

Wakili wa Kivukoni

Uko ndani ya muda, usiuchezee. Kesho peleka rufaa ya ndani kama kanuni za chuo chenu zinaitoa, ugongewe muhuri. Siku hiyo hiyo peleka ombi la mihutasari na alama. Usipige kelele kwenye kundi la wasap la idara, na usimtaje mkuu wako kwa jina humu. Ukija ofisini beba barua, kanuni za chuo, muundo wa utumishi uliokuwa ukitumika siku ya kikao na hati yako ya kuthibitishwa kazini. Wasifu wa kurasa arobaini uache nyumbani. Namba nakutumia inboksi.